Mlango Usiobishwa Hodi

Asubuhi moja ya Januari 2024, siku yangu ya tatu kwenye kazi mpya, nilikuwa nimekaa garini mtaa wa Firestone Park, mjini Akron, jimbo la Ohio, nikisubiri itimie saa kumi na mbili. Giza lilikuwa bado totoro. Huku wakati wa baridi jua halichomozi mpaka saa mbili inakaribia. Theluji ilikuwa imeanguka usiku kucha na injini sikuizima, nipate joto. Nilitoka nyumbani mapema kwa sababu barabara sikuziamini, nikafika kabla ya wakati, na kabla ya wakati siruhusiwi kuingia. Mhudumu wa wazee anayelipwa kwa fedha za Medicaid, ile bima ya serikali kwa wenye kipato kidogo, huingia na kutoka kazini kwa simu: unabonyeza, saa inaandikwa, na mahali uliposimama panaandikwa pia. Ndivyo inavyotaka sheria ya shirikisho ya 2016. Basi nikakaa na simu mkononi, kioo chake kikinimulika usoni, mtandio kichwani na kofia ya sufu juu ya mtandio.

Zikiwa zimebaki dakika tano, taa za buluu na nyekundu zikajaa kwenye kioo changu cha nyuma.

Polisi alikuwa kijana, tena mwenye adabu. Aliniuliza nafanya nini pale, nikamwonyesha kitambulisho cha kazi na nyumba ninayoingia. Akasema kuna mtu amepiga simu kwamba yupo asiyejulikana, amekaa garini muda mrefu anaangalia nyumba za watu. Akaniomba radhi, akaondoka. Mikono ilinitetemeka hata nikakosea namba ya siri ya simu mara mbili. Nikaingia kazini nimechelewa dakika nne, na dakika hizo nne zikaandikwa.

Kisa chote nilikikuta ndani. Bibi ninayemtunza, nitamwita Bibi tu hapa, ana miaka zaidi ya 80 na ni mjane wa fundi wa kiwanda cha matairi. Mtaa ule wenyewe ulianzishwa na Harvey Firestone kwa ajili ya wafanyakazi wa kiwanda chake. Nilimkuta ameshaamka, kishikwambi mapajani. Bintiye anayeishi Phoenix, Arizona, alikuwa amempigia kwa hofu. Kule ilikuwa saa kumi usiku. Jirani wa nyumba ya tatu ana kengele yenye kamera mlangoni, kamera imeninasa, naye ameiweka picha kwenye programu ya majirani: gari la kijivu, mtu kajifunika kichwa, kuna anayemjua? Binti aliyejiandikisha kwa anwani ya mama yake akaiona akiwa kitandani, maelfu ya kilomita kutoka pale nilipokaa.

Bibi alinipa kishikwambi nisome mwenyewe. Watu kumi na saba walikuwa wameshajibu. Mmoja alisema ni wale wanaoiba vifurushi milangoni. Mwingine alisema aliniona mtaa wa pili wiki iliyopita, wiki ambayo mimi nilikuwa kitandani na homa. Mmoja akasema, tulieni, nimeshawaita polisi. Hata mmoja hakufungua mlango wake kuja kuniuliza. Nyumba ya Bibi taa ilikuwa inawaka, na hakuna aliyempigia Bibi.

Ana simu ya waya, imetundikwa ukutani jikoni, na waya wake wa kujiviringa ni mrefu hata unafika kwenye meza. Alijikokota na chuma chake cha kutembelea mpaka pale, akabonyeza namba ya yule jirani bila kuitafuta popote. "Yule ni msaidizi wangu," akamwambia. "Amekuja kunivalisha soksi. Umekaa hatua arobaini kutoka kwangu tangu enzi za Rais Reagan. Ungeniuliza mimi."

Saa tatu mzee yule alikuja, kofia mkononi, uso umemwiva. Alinitazama, akamtazama Bibi, akasema neno ambalo sijalisahau: "Sikutaka kukusumbua. Ilikuwa mapema mno."

Nimeishi Marekani tangu 2012, na hilo ndilo nililochelewa kulielewa kuliko yote. Nilikuwa nikidhani watu hawa hawajaliani. Sivyo. Kwa Wamarekani wengi, kutomsumbua mtu ni adabu, tena adabu kubwa. Hakupigii simu mpaka akuandikie kwanza kuuliza kama anaweza kukupigia. Haji kwako bila miadi. Mimi nimekulia Tanga, Ngamiani, ambako asiye na adabu ni yule apitaye mlangoni kwako bila kupiga hodi. Atakuja kuulizwa: "Juzi ulipita hapa hukutusalimu, tumekukosea nini?" Kusumbuliwa kwetu ni sehemu ya kuheshimiwa.

Sasa intaneti imeikuta adabu hiyo ya kutosumbua na kuipa chombo kinachoifaa kabisa. Mzee yule alikuwa na swali moja jepesi: nani yule garini? Zamani swali hilo lingemlazimu amwamshe mtu, ajue anamkera, na ajibiwe na mtu anayejua. Siku hizi unaliuliza bila kumkera yeyote, na wanaokujibu ni wale wasiojua kitu lakini wako macho.

Mwanangu ana miaka 14, amezaliwa Tanga na kukulia hapa. Nikimpeleka kwa rafiki yake tunasimama nje, gari linaunguruma, naye anaandika kwenye simu, "Nimefika." Mlango uko hatua tano. Siku moja nikamwambia ashuke akabishe. Akanitazama kama mtu aliyeambiwa apande juu ya paa. "Mama, watashtuka." Nikashuka nikabisha mwenyewe. Mama wa yule mtoto alifungua akiwa ameshtuka kweli, simu imeshikwa kifuani, akauliza kumetokea nini. Mtoto alikuwa anaijua nchi yake kuliko mimi.

Hata hivyo, Jumamosi iliyofuata baada ya mkasa wa polisi nilikaanga maandazi, nikayagawa kwenye sahani, nikaenda kujitambulisha nyumba nane za mtaa wa Bibi. Nilijiambia, kama wataniona tena kwenye kamera, angalau wawe na jina la kunipa. Nyumba tatu walinifungulia na kuniingiza. Mbili kimya, ingawa magari yalikuwepo. Mbili wakafungua upenyo, wakapokea sahani, wakashukuru sana, wakafunga. Ya nane ndiyo niliyoikumbuka zaidi. Nilipobonyeza kengele, kengele yenyewe ikaongea. Sauti ya mwanamume ikaniuliza nina shida gani. Nikajieleza nimeinama kuielekea kamera, sahani mikononi. Akasema yuko kazini Cleveland, niiache ngazini. Lakini hakukata. Akauliza hicho nilichobeba ni nini, nikamweleza unga, tui la nazi, hiliki, na kwamba huliwa na chai. Akaniuliza natoka nchi gani, kama baridi nimeizoea. Tuliongea karibu dakika tano, mimi na ukuta, na nakiri yalikuwa mazungumzo mazuri kuliko mengi niliyofanya na watu waliosimama mbele yangu. Ndani ya wiki ile aliirudisha sahani. Kwetu sahani hairudi tupu, na yeye bila kujua desturi hiyo aliweka juu yake pakiti ya biskuti. Niliona kwenye kamera ya Bibi: kaja na mwavuli, kainama, kaiweka taratibu ngazini isitoe kelele, kaondoka. Mimi na Bibi tulikuwa sebuleni, mita chache tu, tunakunywa kahawa.

Kwenye mafunzo ya kazi yetu tulisomeshwa waraka uliotolewa Mei 2023 na Vivek Murthy, wakati huo daktari mkuu wa serikali ya Marekani, kuhusu upweke. Alisema hatari ya kukosa mahusiano na watu inafanana na ya kuvuta hadi sigara 15 kwa siku. Kila nikimkumbuka yule bwana wa mwavuli naikumbuka hesabu hiyo.

Septemba ya mwaka huo huo wa 2024 ndipo nilipoona jambo hili likitoka mtaani na kuwa la taifa zima. Springfield ni mji wa jimbo letu, karibu saa tatu kwa gari kutoka Akron. Wahaiti kwa maelfu walikuwa wamehamia huko kufanya kazi, mji wa watu wasiofika 60,000, na kweli ilileta shida: nyumba zikapanda bei, kliniki zikajaa. Halafu mtu akaandika kwenye kundi la Facebook la mji huo kwamba paka amechukuliwa na kuliwa na majirani Wahaiti. Alikuwa amesikia kwa jirani, jirani amesikia kwa mtu mwingine. Baadaye mwandishi mwenyewe alisema hakuwa na ushahidi na anajuta. Lakini ilikuwa imeshatoka. Septemba 10 Donald Trump aliisema kwenye mdahalo wake na Kamala Harris, mbele ya watazamaji zaidi ya milioni 67.

Nilipoamka alfajiri kwenda kwa Bibi nilikuta ujumbe wa kaka yangu kutoka Tanga: "Dada, ni kweli huko Ohio watu wanakula paka? Mko salama?" Uvumi ulikuwa umetoka Springfield, umepita kwenye mdahalo, umevuka bahari, umefika Tanga na kunirudia mimi kabla sijaamkiana na jirani wa ukuta mmoja. Kundi letu la WhatsApp la Waswahili wa kaskazini mashariki mwa Ohio, Watanzania, Wakenya na Wakongo, liliwaka siku tatu. Kina mama wa Kikongo wa North Hill, mtaa mwingine wa Akron, walikuwa wanaulizana kama wawapeleke watoto shule. Hofu yao haikuwa ya bure: Springfield ilipokea vitisho vya mabomu zaidi ya 30, vyote vya uongo, shule zikafungwa na kufunguliwa, hata gavana Mike DeWine, mzaliwa wa mji ule ule, akapeleka askari wa jimbo kukagua shule kila asubuhi.

Kuna sehemu ya habari ile ambayo wengi hawakuifikia, nami huisimulia kila ninapopata nafasi. Mwanamke mmoja wa Springfield aliyepotelewa na paka alikuwa amekwenda polisi kuwashuku majirani zake Wahaiti. Siku chache baadaye akamkuta paka chumba cha chini ya nyumba yake mwenyewe, mzima. Akatoka akaenda kwa majirani wale kuwaomba radhi. Lugha yao hakuijua; alikwenda na bintiye na programu ya kutafsiri kwenye simu. Simu ile ile. Nikiambiwa nichague picha moja ya intaneti katika maisha ya Marekani nitachagua hiyo: mtu amesimama kwenye uwanja wa jirani, amenyoosha simu mbele, inasema kwa niaba yake, nimekosea.

Sipendi kusikia watu wakiilaani simu kwa jumla, kwa sababu mimi imenitendea wema ambao siwezi kuulipa. Mama yangu alifariki Agosti 2021, wakati safari za ndege zilikuwa bado taabu tupu. Alizikwa baada ya adhuhuri; Akron ilikuwa saa kumi na mbili asubuhi. Kaka alinipigia kwa video kutoka makaburini. Kwetu wanawake hubaki nyumbani msibani, wanaokwenda kuzika ni wanaume. Ningekuwa Tanga nisingeyaona niliyoyaona: jeneza likishushwa begani, sanda, mchanga unatupwa kwa viganja, kaka yangu mkubwa ndani ya mwanandani anampokea mama. Nilikaa chini sakafuni jikoni kwangu nikiwa mbali mno, na nikiwa karibu kuliko nilivyostahili kwa desturi. Na kabla ya saa tatu asubuhi hiyo mlango wangu ulikuwa umeshabishwa. Mtu mmoja aliandika kwenye lile kundi la WhatsApp, na wakaja, Wakenya, Wakongo, wengine hata sikuwajua majina, na wali, na chai kwenye chupa, na bahasha ya mchango. Ujumbe ulikuwa mstari mmoja. Kila aliyeusoma aliuchukulia kuwa ni hodi yake ya kwenda kupiga.

Ndiyo maana jambo la rafiki wa Bibi liliniuma.

Bibi kila asubuhi hutaka nimsomee kurasa za vifo za Beacon Journal, gazeti la Akron tangu 1839. Mwanzoni nilidhani ni uzee. Kisha nikakumbuka nyumbani kwetu utotoni, redio inaposoma matangazo ya vifo, baba akinyoosha kidole sote tunyamaze. Ni kujua nani wa kwenda kumhani. Lakini kurasa zenyewe zimekuwa nyembamba. Matangazo madogomadogo ya kuuza gari na kupangisha chumba, yaliyokuwa yakilisha magazeti ya Marekani, yalihamia kwenye tovuti ya Craigslist, baadaye Facebook. Tangu 2005 nchi hii imepoteza zaidi ya theluthi moja ya magazeti yake. Youngstown, chini ya saa moja kutoka hapa, gazeti lao The Vindicator lilifunga Agosti 31, 2019 baada ya miaka 150, jina lake likachukuliwa na gazeti la Warren. Na magazeti yaliyobaki hutoza tanzia ghali, mara nyingi mamia ya dola. Wafiwa wengi wanaona afadhali waweke Facebook, ni bure.

Aprili 2025 Bibi aligundua kwamba rafiki yake wa miaka hamsini amekufa na kuzikwa wiki tatu nyuma. Waliuza viatu pamoja katika duka moja la Rolling Acres, jengo kubwa la maduka. Familia iliweka tangazo Facebook siku ile ile, na Bibi ni rafiki yao huko, anaingia kila siku. Halikumfikia. Mtambo unaochagua kipi akione ulikuwa umemjazia ukurasa kwa video za mbwa, siasa, na mtu wa Florida ambaye mamba ameingia bwawani kwake. Tuliteremka na kidole, tukateremka, mpaka tukalikuta. Bibi alikisoma, akakifunika kishikwambi kwa kitambaa cha mezani kama mtu anayefunika chungu.

Nikamwambia twende. Akasema imeshapita, ataandika kadi. Wafiwa wamechoka, hapendi kuwasumbua. Neno lile lile. Nikamwambia kwetu pole haichachi. Mtu akifika baada ya miezi bado anakaa mkekani anasema pole, na mfiwa anaanza kusimulia upya, na kule kusimulia ndiko kunakompunguzia. Alikaa kimya hadi chakula cha mchana. Kisha akaniuliza kama gari langu lina nafasi ya chuma chake.

Wanaishi Barberton, mji wa pembeni tu. Aliniomba tupite Romig Road, akaone pale ilipokuwa Rolling Acres. Ilifunguliwa 1975, maduka na taa na chemchemi. Ikafungwa 2008 na kubaki gofu, picha za theluji iliyolala kwenye ngazi zake za umeme zikazunguka mtandaoni. Leo pamesimama ghala la Amazon, lilianza kazi 2020. Watu wetu kadhaa wako mle. Nyumbani, kazi yoyote ya ughaibuni huitwa kubeba boksi. Wao wanabeba boksi hasa. Bibi alilitazama lile jengo refu lisilo na madirisha, akanyoosha kidole kwenye kona moja ya maegesho na kusema kwamba hapo, kwa kadiri anavyokumbuka, ndipo walipokuwa wakikaa wakivua viatu miguu inapouma.

Barberton tulinunua kuku wao maarufu, wa kukaangwa kwa mafuta ya nguruwe, ambaye mimi siwezi kumla. Nilimbeba tu, moto, mapajani mwa Bibi. Nyumba ilikuwa na kengele yenye kamera. Bibi hakuibonyeza. Alibisha mbao kwa vifundo vya vidole, mara tatu, hana nguvu nyingi.

Akafungua binti wa marehemu. Alimtambua Bibi, akaweka mkono mdomoni. Ndani mzee mjane alikuwa amekaa mbele ya televisheni iliyozimwa sauti. Tulikaa hadi jioni. Walizungumza habari za viatu, bosi wao mkali, safari moja ya ziwa Erie waliyoloa mvua. Mimi niliosha vyombo na yule binti. Akiwa anafuta sahani akasema, "Niliweka Facebook siku ile ile. Watu zaidi ya mia mbili walibonyeza moyo. Ukiwatoa ndugu, waliokuja hapa nyumbani nyinyi ni wa tatu." Hakusema kwa uchungu. Alisema kama mtu anayehesabu sahani.

Tulipokuwa tunatoka, yule mzee alitusindikiza mpaka mlangoni. Bibi akamwambia ampigie simu wakati wowote, hata usiku, namba yake ni ile ile ya zamani.

"Najua," mzee akasema, na akaitaja yote palepale, tarakimu moja baada ya nyingine, bila kukosea.